Kurasa Nne Nilizozikata katika Kitabu cha Uhusika

Mlipokuja wiki iliyopita na simu zenu, mkanikuta nje nachambua maharage, mliniuliza maswali mawili. La kwanza, kwa nini toleo la nne la Uhusika ni zito kiasi kwamba mpaka mchezo unaanza mmeshachoka. La pili, kwa nini jalada halina jina la mtu. Kabla sijafungua mdomo, yule mrefu wenu anayesomea ualimu akajijibu mwenyewe: "Ofisi ilimwibia Mwalimu Leonidas, Bibi. Ngara nzima inajua." Nikanyamaza. Mkanisaidia kumaliza maharage, mkaondoka mkidhani nimekubali.

Sikukubali. Jina lile nililiondoa mimi, kwa mkono huu, na aliyeniomba niliondoe ni Mwalimu mwenyewe. Nimeona niwaandikie, kwa sababu kusema ana kwa ana nilishindwa, na kwa sababu mnapenda mchezo huu na baadhi yenu mnataka kuandika toleo lenu. Mjue kazi hiyo inavyofanywa. Mjue na inavyoharibiwa.

Wenzenu wasioufahamu mchezo nao watasoma barua hii, kwa hiyo nieleze kidogo. Uhusika unachezwa mezani, watu wanne au watano. Mmoja ni msimulizi, waliobaki kila mmoja anavaa uhusika wa mtu fulani. Msimulizi anasema, "Mmefika mteremko wa Rusumo na lori, breki zimekufa," nanyi mnasema mnafanya nini. Jambo likiwa gumu unarusha dadu mbili, unajumlisha na namba yako ya Mwili, Akili, Mkono au Moyo. Ukifika kumi, umeweza. Usipofika, msimulizi anakuambia lililokupata. Basi. Kwa kanuni hizo hizo watoto wa hapa walicheza wafalme wa zamani, wauguzi wa zamu, wachunga ng'ombe, hata watu waliokwenda mwezini na mbuzi.

Mwalimu Leonidas alifundisha hesabu. Alivuka kutoka Burundi akiwa kijana, akaoa hapa, akazeeka hapa. Mchezo aliutunga kwa ajili ya wanafunzi wasiosema. Mnajua wenyewe: nyumbani mtoto anaongea Kihangaza au Kirundi au Kisukuma, akifika darasani Kiswahili kinamkauka. Ukimuuliza swali anainamisha kichwa. Lakini ukimwambia, "Wewe leo si Bahati, wewe ni dereva wa lori, na askari wa mpakani anakuuliza mzigo," anasimama na kusema maneno ambayo hujui aliyaokota wapi.

Alikuja na daftari lake kwenye chumba cha kudurufu cha misheni nilipokuwa mpiga chapa. Nilikuwa na miaka ishirini na miwili na nilijiona fundi. Akasema, "Dada Dativa, nataka kitabu kimoja kitakachobeba hadithi yoyote." Nikamwambia karatasi tulizonazo zinatosha kurasa ishirini na nne. Akacheka, akasema hadithi yoyote itabidi ijikunje.

Ninyi mnaobonyeza kioo, hamjui stensili, ile karatasi ya nta ya kudurufia. Unatoa utepe kwenye taipureta ili herufi zikate nta moja kwa moja. Ukigonga kwa hasira, herufi "o" inadondoka nzima, na kila ukurasa unatoka na vidoti vyeusi kama umetafunwa na wadudu. Ukigonga kwa uvivu, wino haupiti. Ukikosea unapaka dawa fulani ya majimaji, unasubiri ikauke, unagonga upya. Mwalimu alikaa pembeni akisoma daftari, mimi nikigonga. Hapo ndipo lilipotokea kosa langu la kwanza.

Mwalimu ulimi wake ulichanganya "l" na "r", kama wengi wetu huku. Akasoma: "Wachezaji wakibishana, mchezo usimame kwa kura." Mimi nikasikia "kula". Nikaandika hivyo: mchezo usimame kwa kula. Tukadurufu nakala mia, tukazisambaza Ngara na Biharamulo, na hakuna aliyeona kosa.

Miezi kadhaa baadaye tulikwenda Nemba kuona vijana wanavyocheza. Tulikuta kundi la watoto wa wahamiaji kutoka Shinyanga, wamezunguka meza, wamewasha moto wa ubishi juu ya kama fisi anaweza kupanda paa. Ghafla msimulizi, msichana mwenye sauti nzito, akainua mkono. Wote wakanyamaza. Akatoa sufuria ya michembe, vile viazi vitamu vya kukausha, wakaanza kula bila neno. Walipomaliza, ubishi ulikuwa umekufa, wakaendelea na fisi wao.

Mwalimu akaniuliza polepole, "Hii kanuni ni ya nani?"

Nikafungua kitabu, nikaiona. Nilitamani kuingia chini ya meza. Nikamwambia nitaandika masahihisho usiku huohuo. Akasema, "Acha. Wamefanya kazi nzuri kuliko mimi." Toleo la pili likatoka hivi: wachezaji wakibishana, wale kwanza, kisha wapige kura. Iko mpaka leo kwenye simu zenu, ukurasa wa mia na kitu, imeandikwa kwa sentensi tano ambazo hakuna anayezimaliza.

Huyo ndiye mtu ninayemsema. Kosa la mtu hakulitupa kabla ya kuliangalia pande zote. Ndiyo maana lile lililofuata linaniuma zaidi.

Alinifundisha kupima kanuni. Alichukua mtu ambaye hajawahi kucheza, muuza ndizi, karani, yeyote, akamsomea kanuni mara moja, kisha akakaa kimya mikono kifuani. Mkono wa yule mtu ukienda kwenye dadu kabla sentensi haijaisha, kanuni ni nzima. Macho yake yakiinuka kukutazama wewe, kanuni imekufa, nenda kaiandike upya. Usimweleze. Ukimweleza umejidanganya, kwa sababu hutakuwepo kitabu kitakapofunguliwa Biharamulo. Pia alinifundisha kuweka majedwali ndani ya jalada la nyuma, kidole kiyapate bila macho kutoka mezani. Hayo ni mambo madogo, lakini kitabu cha kanuni kinaishi kwa mambo madogo.

Toleo la pili tulilichapa kwa kompyuta ya kwanza kufika pale. Nilipoteza kurasa kumi na moja umeme ulipokatika, kwa kuwa sikujua kuwa kazi inahifadhiwa kwa kuiamuru mashine. Nililia. Mwalimu akaanza kusoma tena daftari kutoka ukurasa wa kwanza, kama vile ndiyo kwanza tumeanza.

Katika toleo hilo aliongeza sura aliyoiita "Kabla ya Kucheza". Kurasa nne. Kanuni yake ilikuwa moja tu: kabla dadu haijarushwa, kila mchezaji ataje kitu kimoja asichotaka kiingie mezani siku hiyo. Hatoi sababu. Hakuna anayemuuliza. Msimulizi anakiandika kwenye karatasi, na kitu hicho hakiingii. Mmoja akisema nyoka, hakuna nyoka. Mmoja akisema hospitali, hakuna hospitali. Kurasa zilizobaki za sura zilikuwa mifano ya namna ya kuuliza watoto bila kuwaaibisha.

Nilimuuliza kwa nini kurasa nne kwa kitu kidogo hivyo.

"Dada Dativa," akasema, "watoto tunaowaandikia, wengine wamepita mahali. Mchezo unafungua mlango. Lazima mtoto awe na ufunguo wake."

Sikuuliza tena. Nilidhani nimeelewa.

Miaka ikapita, mchezo ukaenea, na ofisi moja ya miradi ya vijana kutoka mjini ikaupenda. Jina lake silitaji, na wala si wabaya kama mnavyowasema. Walitaka upelekwe sekondari zote za wilaya mbili. Wakamleta mtaalamu, Bwana Fidelis, kijana mpole wa kuvaa fulana zilizopigwa pasi, aliyesoma sana. Wakaniajiri niwe mpangaji wa kurasa. Mshahara wangu ukapanda, nikanunua kiti cha kuzunguka. Nikajisikia mtu.

Toleo la tatu likaanza kunenepa. Kanuni ya kurusha dadu, iliyokuwa mistari sita, ikawa kurasa tisa. Kikaja Kitabu cha Mchezaji na Kitabu cha Msimulizi, vikafungwa pamoja kwenye jalada moja. Ikaongezwa dibaji, ikaongezwa dibaji ya pili, zikaongezwa picha za wageni wakikata utepe siku ya kufungua mradi. Bwana Fidelis akaandika mchezo wa mfano ili walimu wapya wapate pa kuanzia. Akauita "Kuvuka Mto". Familia inakimbia vita, inafika mtoni, maji yamejaa, na kila mmoja anarusha dadu. Alikuwa na nia njema. Alikulia mjini na mto alikuwa ameuona kutoka darajani tu.

Mwalimu aliusoma, akasema, "Huu mgumu, lakini kama Kabla ya Kucheza iko, sawa." Akasaini rasimu, akaenda zake kwao Burundi kumzika dada yake.

Sasa nisikilizeni, maana hapa ndipo ufundi na dhambi vilipokutana. Kitabu hakichapwi ukurasa mmoja mmoja. Karatasi kubwa inakunjwa, inatoa kurasa kumi na sita. Kwa hiyo kitabu kina kurasa mia na sitini, au mia na sabini na sita. Hakuna katikati. Kitabu chetu, nilipokipanga, kilitoka na mia na sitini na nne. Kurasa nne zimezidi. Bwana Fidelis akasema karatasi nyingine kubwa haipo, tarehe ya uzinduzi imepangwa, wageni wamealikwa.

"Dada Dativa, wewe ndiye fundi," akasema. "Tafuta nne za kutoa. Nakuamini."

Nilikuwa na siku tatu. Dibaji mbili zilikuwa kurasa mbili, picha za wageni kurasa mbili. Jumla nne. Zilikuwa zinanitazama. Lakini kila dibaji ilikuwa na mwenyewe, na kila picha ilikuwa na sura ya mkubwa. Nikazipita. Nikafika kwenye Kabla ya Kucheza. Nikajiambia walimu wanaweza kuisema kwa mdomo. Nikajiambia Mwalimu ataelewa. Namba yake ya simu niliijua, na Burundi si mwisho wa dunia. Sikupiga kwa sababu nilijua atakataa, na akikataa uzinduzi utachelewa, na ukichelewa nitaonekana mimi.

Nilikata kisichokuwa na bosi. Dakika mbili, kazi ikaisha, mia na sitini kamili. Bwana Fidelis hakuuliza nimetoa zipi.

Uzinduzi ulikuwa mzuri. Nilikaa mstari wa pili.

Nusu mwaka haukuisha. Katika sekondari moja ya Biharamulo, darasa la kidato cha pili lilicheza "Kuvuka Mto". Palikuwa na msichana anaitwa Spesioza. Mama yake alivuka mto Ruvubu akiwa na watoto wawili, Spesioza akiwa mkubwa wa kuweza kukumbuka, na kaka yake mdogo akiwa mgongoni. Walifika ng'ambo wawili. Shuleni hakuna aliyejua. Mwalimu wa darasa, ambaye hakuwa na kosa lolote ila kufuata kitabu nilichompangia, akagawa uhusika. Spesioza akapewa uhusika wa mama.

Alirusha dadu kuona kama amemshika mtoto vizuri. Zikatoka moja na mbili. Darasa likacheka, kama mnavyocheka ninyi dadu zikitoka vibaya, bila ubaya wowote. Msimulizi akasoma kitabuni kilichompata mtoto.

Spesioza aliweka dadu mezani, akachukua mkoba wake, akatoka. Hakurudi siku hiyo, wala juma lile, wala tena.

Mkuu wa shule alimwita Mwalimu Leonidas, kwa kuwa jina lake ndilo lililokuwa kwenye jalada. Alikwenda mpaka nyumbani kwa msichana. Sijui walisema nini, kwa Kirundi, yeye na yule mama. Alipotoka huko alipanda basi moja kwa moja mpaka kwetu Ngara. Akaingia ofisini, akaweka kitabu mezani kwangu.

"Kurasa za Kabla ya Kucheza ziko wapi?"

Nikasema, "Ofisi ilizitoa, Mwalimu."

Alikuwa amevaa koti lake la kahawia, lina vumbi la safari mabegani. Akasema kwa sauti ya chini, "Dada Dativa, ofisi haijui kukunja karatasi."

Aliijua hesabu ile. Mimi mwenyewe nilimfundisha, miaka ya nyuma, kwa kumkunjia gazeti. Alijua pia kuwa kati ya watu wote katika jengo lile, mmoja tu ndiye angeweza kuamua nne zipi.

Hakupandisha sauti. Laiti angepandisha. Alisema tu, "Toleo lijalo, jina langu lisiwepo." Nikaanza kusema kitu, akainua kiganja, akatoka.

Kwa hiyo vijana wangu, hakuna aliyemwibia. Wakati wa toleo la nne nilifungua faili la jalada, nikalichagua jina lake, nikalifuta. Jalada likakaa vizuri zaidi, kichwa cha kitabu kikapata nafasi. Bwana Fidelis alilisifia.

Mtaniuliza kwa nini sikurudisha sura kwenye toleo hilo la nne. Nilijaribu. Nilimweleza Bwana Fidelis kila kitu, hata la kukata. Alishtuka, akaenda kulisema juu. Jibu likarudi kuwa maudhui yameshapitishwa, na badiliko lolote linahitaji kikao. Kikao kikaahirishwa. Kikaahirishwa tena. Walichofanya ni kuutoa mchezo wa mto na kuweka kanuni mpya za tahadhari kwa msimulizi, kurasa ishirini na tano, zenye majedwali na fomu ya kujaza. Mnazijua. Mnaziruka. Hiyo ndiyo sehemu ya uzito mnaoulalamikia: kurasa ishirini na tano za kujilinda, mahali palipotosha swali moja kwa mtoto.

Mwalimu alifariki mwaka niliostaafu. Hatukuwa tumezungumza tena zaidi ya salamu kanisani. Nilimsalimu, akaitika, akanipa mkono. Hakuninyima mkono hata mara moja, na kila mara nilitamani aninyime. Katika sherehe yangu ya kustaafu nilisifiwa kwa miaka yangu ya umakini. Neno ndilo hilo walilotumia, umakini. Nikapewa saa ya ukutani.

Baada ya msiba wake nilimtafuta Spesioza. Haikuwa vigumu, niliuliza kwa waumini wa Biharamulo nikaelekezwa. Ana cherehani mbili sokoni Biharamulo, anashona magauni na mashuka. Mwanamke mnene kidogo, mwenye futi ya kupimia shingoni. Akaniambia shikamoo, nikamwitikia, akanivutia kigoda. Nikajitambulisha kwa jina na kwa kosa. Nilikuwa nimepanga maneno tangu kwenye basi, lakini yalitoka vipandevipande, nikarudia hesabu ya kumi na sita mara mbili kama mtu anayejitetea. Labda nilikuwa najitetea.

Alinisikiliza akiwa anatoa pini kwenye kitambaa.

"Mama," akasema, "mimi kitabu sikijui. Hata jalada lake silikumbuki. Nakumbuka waliocheka. Walikuwa rafiki zangu."

Nikatoa kurasa nne, nilizozichapa upya nyumbani kutoka kwenye nakala ya toleo la pili. Nikamwomba azisome. Akasema mikono yake ina kazi, nimsomee mimi. Nikasoma zote, sokoni pale, watu wakipita na mabeseni. Nilipofika kwenye maneno ya kumwambia mtoto kwamba hatatoa sababu na hakuna atakayemuuliza, aliacha kutoa pini.

Nilipomaliza akaweka kitambaa chini ya sindano.

"Ningesema mto," akasema. "Neno moja. Tungecheza kitu kingine, na Jumatatu ningerudi shule."

Akainama, akapitisha uzi kwenye sindano ya cherehani, akaanza kukanyaga. Nilikaa kwenye kigoda nikingoja aseme neno jingine, lolote. Mteja akaja na gauni la kupunguza kiunoni. Spesioza akainuka kumpima, nami nikampisha mteja akae.